Neno ambalo Hollywood iliogopa kulitamka

Katika filamu ya The Life of Emile Zola, iliyotoka mwaka 1937 na inayomhusu mwandishi Mfaransa aliyemtetea ofisa aliyesingiziwa usaliti, kuna tukio fupi ambalo ukiinama kuokota kitu limekupita. Wakubwa wa jeshi la Ufaransa wamegundua kwamba mmoja wa maofisa anawauzia Wajerumani siri, na sasa wanapitia orodha wapate wa kumtwika kosa. Kidole kinateremka kwenye karatasi. Kinafika kwa Kapteni Alfred Dreyfus, na mbele ya jina lake, mahali pa dini, pameandikwa neno moja: Myahudi. Huyu ndiye mtu wetu, anaamua mkubwa.

Basi. Filamu inayohusu kisa kilichovuma kuliko vyote vya chuki dhidi ya Wayahudi katika Ufaransa ya karne ya 19 haitamki neno hilo hata mara moja, mwanzo hadi mwisho. Unalisoma kwa kufumba na kufumbua, kisha linatoweka. Filamu ilipata Oscar ya filamu bora ya mwaka, na Joseph Schildkraut aliyemwigiza Dreyfus akapata ya mwigizaji msaidizi. Ukiitazama leo bila kujua historia, utatoka ukidhani kapteni wa watu alionewa tu kwa sababu majenerali walikuwa wapumbavu.

Nimeanzia hapo kwa sababu watu wakizungumzia sinema za zamani na ubaguzi, huwa wanaangukia pande mbili. Wengine husema Hollywood ilikuwa shujaa, na ushahidi wao ni filamu mbili za mwaka 1947. Wengine husema ilikuwa mwoga, na ushahidi wao ni hiyo karatasi ya Dreyfus. Mimi naona ukweli una umbo jingine. Sinema hizo zilipigana kwelikweli, na kuna mahali zilipiga pigo ambalo bado linauma. Ila karibu kila mara zilimnyanyua Myahudi kwenye kiti chake, zikamkalisha mtu mwingine, ndipo zikaanza kusimulia.

Wenye studio waliokaa kimya

Wenye studio wengi walikuwa Wayahudi. Adolph Zukor wa Paramount alizaliwa Hungaria, Carl Laemmle wa Universal alizaliwa Ujerumani, Louis B. Mayer wa MGM alitoka katika milki ya Urusi, na ndugu wa Warner walikuwa watoto wa wahamiaji kutoka Poland. Mtu angetegemea hao ndio wawe wa kwanza kupiga yowe. Lakini mgeni aliyejenga kwenye mtaa wa wenyewe huwa haanzishi yeye ugomvi wa mpaka.

Kulikuwa na suala la soko. Kuanzia 1933 Ujerumani ilikuwa na konsuli wake Los Angeles, Georg Gyssling, aliyejulikana kwa barua za vitisho kila aliponusa filamu asiyoipenda. Hakuwa anatisha hewani. Sheria ya filamu ya Ujerumani iliruhusu kampuni iliyotengeneza kazi ya kuikera nchi hiyo inyimwe soko lake lote, hata kama kazi yenyewe ilionyeshwa nchi nyingine. Warner walifunga shughuli zao Ujerumani mapema, mwaka 1934. MGM, Paramount na Fox waliendelea kuuza huko hadi 1940.

Halafu kulikuwa na kanuni za maadili ya filamu, utaratibu ambao studio zenyewe ziliuweka wa kujichuja kabla serikali haijazichuja. Tangu 1934 msimamizi wake alikuwa Joseph Breen. Kanuni zilitaka mataifa ya kigeni yaonyeshwe kwa heshima, na Ujerumani ya Hitler ikahesabiwa kuwa taifa kama mataifa mengine. Breen huyohuyo, katika barua zake binafsi zilizohifadhiwa, aliwaandika Wayahudi wa Hollywood kwa lugha ambayo siwezi kuirudia hapa. Kwa hiyo skripti yoyote iliyotaka kuisema chuki hii ilipita kwanza mezani kwa mtu aliyekuwa nayo.

Na ilikuwepo hofu, ambayo haikuwa ya bure. Tarehe 1 Agosti 1941 Seneta Gerald Nye alitoa hotuba mjini St. Louis, akataja wakuu wa studio kwa majina, mmoja baada ya mwingine, na kudai kwamba wanatumia sinema kuisukuma Marekani vitani. Mwezi uliofuata kamati ndogo ya Seneti ikaanza kuwahoji, na Harry Warner akaitwa kujieleza. Hoja ilikuwa ni vita, lakini kila aliyesikia orodha ile alijua majina yale yanafanana kwa kitu gani: yalikuwa ya Wayahudi.

Ndiyo maana hata watu wasioogopa walizungukazunguka. Mtazame Ernst Lubitsch, Myahudi wa Berlin, katika To Be or Not to Be ya mwaka 1942. Ni vichekesho kuhusu kundi la waigizaji wa Warsaw chini ya Wanazi. Mmoja wao, Greenberg, ni mwigizaji wa kubeba mikuki nyuma ya jukwaa, na ndoto yake ya maisha ni kumwigiza Shylock wa Shakespeare. Anayemwigiza ni Felix Bressart, mkimbizi wa Kiyahudi. Siku yake inafika, si jukwaani bali ukumbini, mbele ya wanajeshi wa Kinazi wenye bunduki, na anayasema yale maneno mashuhuri: hatuna macho? Tukichomwa, hatutoki damu? Shakespeare aliuliza kama Myahudi hana macho. Greenberg anasema "sisi". Neno lenyewe limetolewa, na katika filamu nzima halimo.

Hapa msomaji wa Kiswahili ana cha kukumbuka. Shylock tunamjua kwa jina la Shailoki, kupitia Mabepari wa Venisi, tafsiri ya Mwalimu Nyerere iliyotoka 1969. Kiingereza kina mfanyabiashara mmoja tu katika jina la tamthilia, tena huyo si Shailoki. Mwalimu akaandika mabepari, kwa wingi, miaka miwili baada ya Azimio la Arusha. Maneno ya Shailoki kuhusu Uyahudi wake yamo, ila jina la kitabu limeshatuelekeza pa kutazama, na wengi tulimsoma kama mnyonyaji wa riba kuliko kama mtu wa jamii inayotemewa mate barabarani. Simlaumu Mwalimu, alikuwa na vita yake. Nasema tu kwamba kiti hiki kina tabia ya kubadilishiwa mkaaji, na si Hollywood peke yake iliyofanya hivyo.

Charlie Chaplin hakuzunguka. The Great Dictator ya mwaka 1940 aliigharimia kwa fedha zake, na neno lile akalipaka kwa rangi kwenye vioo vya maduka ya ghetto, mtaa waliotengewa Wayahudi. Kinyozi wa Kiyahudi, aliyekaa hospitalini miaka mingi bila kumbukumbu tangu Vita vya Kwanza, anarudi dukani kwake na kukuta kioo kimeandikwa. Anachukua kitambaa na kuanza kufuta, kama mtu anayefuta mavi ya ndege. Hajui kwamba sasa ni kosa. Mgambo wanapofika yeye anaona wahuni tu, anapambana nao kama mtu yeyote angepambana na wahuni dukani kwake. Sijaona namna bora zaidi ya kuonyesha kwamba ubaguzi ni kitu cha kufundishwa: mtu mmoja alikosa somo, akabaki mwenye akili timamu peke yake. Chaplin, kwa taarifa yako, hakuwa Myahudi. Katika kitabu cha maisha yake, mwaka 1964, aliandika kwamba angejua yaliyokuwa yakitendeka katika kambi za Wanazi asingeweza kuitengeneza filamu ile.

Tusi linapogeuka utani

Kabla hatujafika 1947 lazima tupite Ufaransa, kwa sababu huko kuna filamu moja ambayo Myahudi amekaa kwenye kiti chake mwenyewe.

La Grande Illusion ya Jean Renoir, 1937, inawahusu wafungwa Wafaransa katika kambi za Wajerumani wakati wa Vita vya Kwanza. Mmoja ni Rosenthal, mtoto wa familia ya mabenki, ambaye vifurushi vya chakula kutoka kwao ndivyo vinavyoshibisha wenzake. Mwingine ni Maréchal, fundi, mtoto wa Paris, anayeigizwa na Jean Gabin. Wanatoroka pamoja, majira ya baridi, kwa miguu, wakielekea Uswisi. Rosenthal anateguka kifundo. Njaa inauma, mwendo unapungua, na Maréchal anaanza kumwona mwenzake kuwa mzigo. Ugomvi unalipuka. Hapo ndipo Maréchal, ambaye amekula mkate wa huyu mtu kwa miezi, anatoa kile kilichokuwa kimelala moyoni muda wote: kwamba Wayahudi hajawahi kuwapenda. Rosenthal anamjibu kwamba amechelewa kidogo kuligundua hilo.

Maréchal anaondoka. Rosenthal anakaa juu ya jiwe na kuanza kuimba kwa sauti, kwa hasira, wimbo wa watoto kuhusu mashua ndogo. Maréchal, huko mbele, anajikuta anauitikia. Halafu sauti yake inapungua, inanyamaza. Na kamera bado imemwangalia Rosenthal pale jiweni, mpaka pembeni panaingia koti la Maréchal, amerudi. Hakuna anayeomba radhi. Anamshika mkono, wanaendelea.

Mwishoni kabisa, karibu na mpaka, wakijua kwamba huenda hawataonana tena, Maréchal anamuaga: kwaheri, Myahudi mchafu wewe. Na Rosenthal anamrudishia lake, kwa upendo uleule.

Mtu aliyekulia Tanzania haelezwi hapo kimetokea nini. Ni utani. Mnyamwezi anaweza kumtupia Mzaramo neno msibani ambalo mtu mwingine akilisema atatolewa kwa mateke, kwa sababu Mzaramo ana haki ya kulirudisha, na kesho atalirudisha. Tusi ni lilelile. Kilichobadilika ni kwamba sasa lina njia mbili. Renoir alielewa kwamba chuki ya kila siku haifi kwa hotuba, na kwamba watu hawa wawili hawakufika hapo kwa kujifanya hawaoni tofauti yao. Shika jambo hili la utani, nitalihitaji tena.

Rosenthal aliigizwa na Marcel Dalio, Myahudi wa Paris, jina lake la kuzaliwa Israel Moshe Blauschild. Goebbels, waziri wa propaganda wa Hitler, aliichukia filamu hii kupita kiasi. Wanazi walipoishika Ufaransa, picha ya uso wa Dalio ilibandikwa kwenye matangazo ili wananchi wajue Myahudi anafananaje. Yeye alikuwa ameshakimbia, na ukiitazama Casablanca ya 1942 utamwona, mhudumu wa meza ya kamari kwenye klabu ya Rick, kwa dakika chache.

Karanga moja

Vita viliisha 1945, kambi zikafunguliwa, picha zikaonekana. Ungetegemea Hollywood itengeneze filamu kuhusu kambi. Haikutengeneza. Ilitengeneza filamu kuhusu nyumbani kwao, na hilo, kusema kweli, lilikuwa gumu zaidi kwa namna yake.

Crossfire, ya studio ya RKO, ilitoka Julai 1947. Mwongozaji ni Edward Dmytryk, mtayarishaji Adrian Scott. Ni filamu ya upelelezi, ya gharama ndogo, karibu yote ni usiku, taa moja mezani na vivuli ukutani. Mwanajeshi aitwaye Montgomery, anayeigizwa na Robert Ryan kwa tabasamu linalokera, amemuua raia aitwaye Samuels ambaye walikutana baa jioni ileile. Mpelelezi anatafuta sababu na haipati. Hakuna wizi, hakuna mwanamke, hakuna deni. Hawakujuana. Hilo ndilo fumbo, na kadiri Montgomery anavyozidi kuongea ndivyo linavyojifumbua: anasema amewaona wengi wa aina hiyo, waliokaa raha mustarehe wakati wengine wanapigana, wengine wanaitwa Samuels, wengine wana majina ya ajabu zaidi. Baadaye tunaambiwa Samuels alijeruhiwa vitani, Okinawa.

Samuels anakufa mapema, lakini kabla hajafa anapewa mazungumzo mafupi na askari mmoja mpweke, na ndiyo dakika ninazozipenda kuliko zote katika filamu. Anaeleza kwamba kwa miaka minne wote walikuwa wameelekeza macho kwenye karanga moja, karanga ya kushinda vita. Ilikuwa ni kuila tu, yaishe. Sasa imeliwa, mezani hakuna kitu, na watu wenye chuki iliyobaki wanaanza kutazamana. Mtu anayesema hayo ndiye atakayeuawa usiku huo.

Baadaye kuna hotuba ndefu ya mpelelezi Finlay kuhusu babu yake, Mkatoliki kutoka Ireland aliyeuawa Philadelphia karne moja kabla kwa sababu ya dini na asili yake, na jinsi chuki hii leo inavyomshika Myahudi, kesho itamshika mtu wa Tennessee au mtu aliyevaa tai yenye mistari. Wengine huiona ndefu mno. Ndiyo, ni ndefu. Lakini angalia anayehutubiwa: ni kijana mshamba wa Tennessee anayetakiwa kuhatarisha maisha yake kumtega mwenzake, na hana sababu yoyote ya kumjali Samuels. Finlay hawezi kumfanya ampende Myahudi kwa dakika tano, kwa hiyo anamwekea kiti chake mwenyewe. Kubadilisha mkaaji wa kiti, ule ugonjwa ninaolalamikia, hapa unageuka dawa.

Na kuna jambo la nyuma ya pazia. Filamu ilitokana na riwaya ya Richard Brooks ya mwaka 1945, na katika riwaya anayeuawa si Myahudi. Ni mwanamume aliyependa wanaume wenzake. Kanuni za Breen zilikataza hata kulidokeza jambo hilo, kwa hiyo marehemu akabadilishwa. Miaka miwili baadaye mzunguko ukaendelea. Arthur Laurents alikuwa ameandika tamthilia, Home of the Brave, kuhusu askari wa Kiyahudi anayesimangwa na wenzake. Stanley Kramer alipoigeuza filamu mwaka 1949, askari akawa mtu mweusi, akiigizwa na James Edwards. Kila mtu anakalia kiti cha mwenzake. Hoja ya watengenezaji ilikuwa kwamba chuki ni ileile, na kuna ukweli ndani yake. Ila mtu mweusi wa Mississippi na Myahudi wa New York hawakunyimwa vitu vilevile, wala hawakuuawa kwa sababu zilezile, na filamu inayoweza kumtoa mmoja na kumweka mwingine kwa kubadili mistari michache inatupa shaka kama ilimwona yeyote kati yao.

Mfano mbaya zaidi ni filamu fupi ya dakika kumi, The House I Live In, ya 1945, ambamo Frank Sinatra anawakemea watoto wanaomfukuza mwenzao kwa ajili ya dini yake, kisha anawaimbia. Ilipewa Oscar maalumu. Wimbo wenyewe ulikuwa na mistari kuhusu majirani weupe na weusi, na hiyo ikaachwa nje. Mtunzi wa maneno, Abel Meeropol, alikasirika sana. Watoto wote kwenye filamu ni weupe.

Waungwana wa Darien

Sasa tuje kwenye filamu ambayo wengi wanaikumbuka. Gentleman's Agreement, maana yake makubaliano ya waungwana, ilionyeshwa kwa mara ya kwanza New York tarehe 11 Novemba 1947. Ilitoka studio ya 20th Century-Fox, chini ya Darryl Zanuck, mkuu wa studio ambaye si Myahudi, na ikaongozwa na Elia Kazan. Riwaya yake iliandikwa na Laura Z. Hobson.

Jina linahitaji maelezo. Katika miji kama Darien, jimbo la Connecticut, wenye nyumba walielewana kwamba hakuna atakayemuuzia wala kumpangishia Myahudi. Hakikuandikwa kitu. Ni neno la muungwana, basi. Hoteli za kifahari nazo zilijitangaza kwa maneno ya kupaka mafuta, kwamba wageni wao ni wa kuchaguliwa. Vyuo vilikuwa na njia zao. Mkuu wa Harvard, Lowell, alipendekeza mwaka 1922 idadi ya wanafunzi wa Kiyahudi iwekewe kikomo. Kiswahili kinalielewa neno hili vizuri kuliko Kiingereza. Muungwana kwetu leo ni mtu mstaarabu, lakini pwani ya zamani alikuwa yule asiye mtumwa. Neno lenyewe lilizaliwa na uzio ndani yake.

Kisa ni hiki. Philip Green, mwandishi, mgane mwenye mtoto mmoja wa kiume, anapewa kazi na jarida la New York aandike makala kuhusu chuki dhidi ya Wayahudi. Anahangaika kutafuta pa kuanzia, mpaka anapata wazo: atasema yeye ni Myahudi, aone. Ni mgeni mjini, hakuna anayemjua. Kwenye kisanduku cha barua anaongeza jina la Greenberg, na mlinzi wa jengo anakuja kulalamika. Anapomweleza mchumba wake, Kathy, jambo la kwanza linalomtoka ni kuuliza: lakini wewe si Myahudi, sivyo? Kisha anaongeza haraka kwamba kwake isingekuwa na tofauti. Na wazo la kuandika makala hizo lilitoka kwa Kathy huyohuyo.

Angalia tukio la hoteli. Green ameshaweka chumba. Anafika mapokezi, kabla ya kusaini anauliza kwa sauti ya kawaida kama hoteli inachagua wageni. Karani anamwita meneja. Meneja hafoki, hatukani. Anauliza kwa upole kama bwana mwenyewe ni wa dini hiyo au anataka tu kuhakikisha. Green anadai ajibiwe. Meneja anakumbuka ghafla kwamba huenda vyumba vimejaa, na yuko tayari kumpigia simu hoteli nyingine. Kengele inapigwa, kijana anachukua mabegi. Wageni wengine wanatazama. Hakuna sentensi moja ambayo ungeweza kuipeleka mahakamani.

Tukio jingine ni la ofisini. Katibu wa Green, Bi Wales, anamfungulia moyo akidhani ni mwenzake. Jina lake halisi ni Walovsky. Alituma barua mbili za maombi ya kazi kwa kampuni moja, kwa majina hayo mawili; Walovsky aliambiwa nafasi zimejaa, Wales akaitwa. Kampuni gani? Ni hilihili jarida linaloandika kuhusu ubaguzi. Na jarida linapotangaza kwamba sasa litaajiri bila kujali dini, Bi Wales anaingiwa na wasiwasi: wataingia wale Wayahudi wa kelele, watuharibie sisi tuliotulia. Siku hizi tukio hili halitajwi sana, lakini kwangu ndilo lenye ujasiri mkubwa zaidi. Linaonyesha ubaguzi ukiwa umeshaingia ndani ya anayebaguliwa.

Lakini filamu nzima inaelekea kwenye meza moja. Kathy, baada ya kuachana na Green, anakutana na Dave Goldman, rafiki wa Green, askari wa Kiyahudi aliyekosa nyumba ya kuiweka familia yake wakati Kathy ana nyumba tupu Darien. Kathy anamsimulia kwamba kwenye chakula cha jioni mtu fulani alitoa kichekesho kichafu kuhusu Wayahudi. Alijisikia vibaya. Aliona aibu. Dave anamuuliza: ukafanya nini? Anasema wote pale mezani walichukizwa. Ndiyo, ukafanya nini? Anaendelea kueleza alivyohisi. Swali linarudi, bila ukali, mara tatu, mara nne, mpaka Kathy analisikia. Hakufanya kitu. Alikaa, na kichekesho kikapita.

Nilisema utani nitauhitaji. Utani una mtani. Pale mezani hakukuwa na mtani, kulikuwa na watu wa upande mmoja na maneno kuhusu ambao hawakualikwa. Kathy ndiye pekee ambaye angeweza kuyarudisha. Wahenga wa pwani walishasema uungwana ni vitendo, na Dave, bila kujua neno moja la Kiswahili, alikuwa anauliza hicho tu.

Sasa kasoro. Shujaa ni Gregory Peck, mrefu, Mmarekani mpaka kwenye kisigino, anayejifanya Myahudi kwa wiki chache kisha anachapisha makala na kurudi kwake. Mzaha ulioenea Hollywood ulisema funzo la filamu ni hili: usimtendee Myahudi vibaya, anaweza kuwa Mkristo. Mzaha mkali, na wa haki nusu. Nusu nyingine ni kwamba filamu haikutengenezwa kwa ajili ya Dave. Ilitengenezwa kwa ajili ya Kathy, kwa ajili ya maelfu ya watu wema waliokuwa wamekaa ukumbini wakijua kabisa kwamba wao si kama yule Montgomery wa Crossfire. Crossfire inamwacha mtazamaji aende nyumbani salama. Muuaji si yeye. Hii haimwachi.

Orodha ya majina

Ndani ya mazungumzo ya Gentleman's Agreement wanatajwa wabaguzi halisi wa siku zile, akiwemo John Rankin, mbunge wa Mississippi. Rankin alikuwa mjumbe wa kamati ya Bunge iliyokuwa ikisaka wakomunisti Hollywood. Oktoba 1947 kamati iliwaita watu wa sinema, na kumi walikataa kujibu maswali yake, wakiwemo Adrian Scott na Edward Dmytryk wa Crossfire. Waigizaji wengi wakasaini malalamiko kuipinga kamati.

Tarehe 24 Novemba, siku kumi na tatu baada ya filamu ya Kazan kuanza kuonyeshwa, Rankin alisimama Bungeni na karatasi ya malalamiko hayo, akaanza kusoma waliosaini. Huyu anajiita Danny Kaye, jina lake halisi ni David Daniel Kaminsky. Huyu Eddie Cantor ni Edward Iskowitz. Huyu anayejiita Edward Robinson ni Emanuel Goldenberg. Melvyn Douglas ni Hesselberg. Hakueleza kosa lao ni lipi, alisoma tu. Jina la kwanza kabisa alilolisoma lilikuwa la June Havoc, ambaye alisema ni Hovick. June Havoc hakuwa Myahudi. Ndiye aliyemwigiza Bi Wales, katibu aliyeficha jina la Walovsky.

Siku mbili baadaye RKO iliwafukuza kazi Scott na Dmytryk. Tarehe 20 Machi 1948, usiku wa Oscar, Crossfire ilikuwa inawania filamu bora na mwongozaji bora, na watu wawili walioitengeneza hawakuwa na ajira. Zote mbili zilikwenda kwa Gentleman's Agreement.

Dave Goldman, yule mwenye swali, aliigizwa na John Garfield, nyota mkubwa aliyekubali kuchukua nafasi ndogo. Jina lake la kuzaliwa ni Jacob Julius Garfinkle, na kati ya waigizaji wakuu wa filamu ile ndiye aliyekuwa amekaa kwenye kiti chake. Mwaka 1951 kamati ilimwita naye, akagoma kutaja marafiki zake, kazi zikakauka. Moyo ulisimama tarehe 21 Mei 1952, akiwa na miaka 39. Kazan, aliyemwongoza kuuliza lile swali mezani, alikuwa ametaja majina ya wenzake mbele ya kamati hiyohiyo tarehe 10 Aprili mwaka huohuo.